Kijiimbo cha Mtoto wa Watu

Mama yangu alikuwa yaya. Alimlea binti wa mzungu mwenye shamba, na mimi nililelewa na nyanya yangu. Nyanya alipofariki nikajilea mwenyewe, na ndugu yangu mdogo alipozaliwa nikamlea na yeye.

Shamba lilikuwa upande wa Turbo, safari ya asubuhi nzima kwa gari la ng'ombe kutoka Eldoret, mji ambao wakati ule sisi tuliuita Sisibo. Ngano ilianzia karibu na nyumba kubwa ikaenda mpaka macho yachoke. Sisi wafanyakazi tulikaa kambini, huko chini karibu na mto. Wazazi wangu walikuwa wametoka magharibi. Baba alikuja kwanza kuendesha ng'ombe wa plau, Mama akamfuata. Nyumbani tulisema lugha yetu tu. Kiswahili kilikuwa kitu cha kazini, kama buti za Baba: kinavaliwa asubuhi, kinavuliwa mlangoni jioni.

Mama alikuwa mtu wa maneno machache. Akirudi kutoka nyumba kubwa alisema, "Maji yako wapi?" Halafu, "Mtoto amekula?" Halafu, "Sogea," akachutama mbele ya moto. Mama za wenzangu waliimba wakisaga wimbi, na walipocheka ungewasikia kutoka mtoni. Mama yangu alisaga kimya. Sikumlaumu. Nilidhani Mungu huwapa akina mama wengine sauti na wengine huwanyima, kama anavyowapa wengine meno mazuri.

Ndugu yangu alipokuwa bado mchanga, Memsabu, mke wa yule mzungu, alituma mtu kumwambia Mama arudi kazini. Tangu siku hiyo kazi yangu ikawa kumbeba mtoto mgongoni, jua likifika katikati, nimpeleke nyuma ya nyumba kubwa akanyonye. Nilikaa kwenye ngazi ya jikoni. Mama alitoka, akavua aproni, akamnyonyesha huku akitazama mlango, akanirudishia mtoto, akavaa aproni tena. Hakukaa hata mara moja zaidi ya haja ya mtoto.

Siku moja mtoto alilia mapema nami nikaenda mapema. Mama hakuwepo. Mpishi alikuwa amesimama mbele ya jiko, mikono yote unga, akanionyesha kwa kidevu upande wa bustani. Bustani ile ilizungukwa na ua wa kayaba, ile miti ya miiba ambayo wazungu walipenda kupanda. Nikainama, nikapata tundu, nikachungulia.

Mama alikuwa ameketi kwenye nyasi, viatu amevua, miguu ameinyoosha mbele yake. Binti wa mzungu alikuwa amelala chali, kichwa kwenye mapaja ya Mama. Alikuwa mdogo kwangu kidogo tu, lakini alikuwa na kifua kibovu na wazazi wake walikuwa hawajampeleka shule. Mama alikuwa anaimba. Alikuwa na sauti! Sauti nene, yenye mchezo ndani yake, inapanda na kushuka kama mtu anayeruka mawe ya mtoni. Kisha mtoto akasema neno, na mama yangu akacheka mpaka akajifuta macho.

Kilichoniuma kwanza hakikuwa wimbo, ilikuwa miguu. Sikuwa nimewahi kumwona Mama amenyoosha miguu. Nyumbani alichutama, au alisimama, au alilala.

Nilirudi jikoni na mtoto analia. Yule mpishi alikuwa mtu wa kwetu, si ndugu, lakini nilimwita Mjomba.

"Mjomba, Mama anaimba nini pale?"

"Haimbi kitu."

"Nimemsikia!"

"Ndiyo, umemsikia. Lakini haimbi juu ya kitu. Anaimba wimbo, na wimbo unaimba wimbo." Akacheka, akaendelea kukanda unga wa skonzi. "Wanakiita kijiimbo. Mimi huwasikia kila siku kwa dirisha hili. Mama yako ana mambo, wewe!"

Ndipo akanieleza, kwa lugha yetu, mambo ambayo binti wa mzungu alikuwa ameambiwa na mama yangu kwa Kiswahili, siku baada ya siku, na mimi sijui.

Kuna nchi, Mama alikuwa amemwambia yule mtoto, ng'ambo ya ukungu. Ule ukungu unaolala juu ya ngano asubuhi ndio mpaka wake. Katika nchi hiyo, kitu ukikiimba kinakuja. Mwanamke mmoja alimwimbia mwanawe wimbo wa mvua ili alale, mvua ikanyesha mpaka ikabeba ghala na kuku. Mwanamume mwingine aliimba kumkumbuka baba yake marehemu. Kesho yake baba akabisha hodi, akauliza ni nani aliyekalia kigoda chake. Vijana waliimba nyati arusini kwa mzaha, na arusi ile haikumalizika. Basi watu wa huko wakakutana wakakubaliana kwamba kuanzia siku hiyo hakuna mtu kuimba kitu chochote chenye mwili. Wimbo uimbe wimbo wenyewe, basi.

Na kwa kuwa walikuwa watu wa kupenda kuimba, ufundi wao wote ukaingia hapo. Wakawa na vijiimbo vya arusi na vya matanga, vya kumpokea mgeni na vya kumfukuza. Sheria zilikuwa mbili tu. Ya kwanza, usitaje kitu. Ya pili, wimbo usijidanganye: ukisema unaenda polepole, uende polepole, ukisema huu ni mstari wa mwisho, uwe wa mwisho kweli. Anayekosea anaambiwa "Umeanguka!" naye anakaa chini hadi zamu yake irudi.

Mpishi aliniimbia kimoja, kwa sauti yake ya moshi:

Nimeanza, tayari nimeanza,
mstari wa pili ndio huu unaopita,
wa tatu naenda polepole, po-le-po-le,
wa nne ndio wa mwisho, nami nimekwisha.

Hapo kwenye wa tatu aliburuta sauti kama mzee anayepanda mlima. Ndugu yangu aliacha kulia akamtazama.

Nchi nzima! Mama yangu alikuwa na nchi nzima kichwani, na watu wake, na sheria zake, na nyati wake, akaichukua yote akampa mtoto mwenye kitanda cha chuma na mdoli mwenye macho ya kufunga. Mimi alinipa "Sogea."

Jioni hiyo nilingoja amalize kula.

"Mama, tuambie habari ya ile nchi."

"Nchi gani?"

"Ya ng'ambo ya ukungu."

Aliweka bakuli chini. Baba akatutazama, hakuelewa.

"Hiyo ni kazi," Mama akasema. "Nimeiacha kule pamoja na aproni. Peleka vyombo."

Nilipeleka vyombo. Nilivisugua kwa jivu mpaka vidole vikaniuma, na kila sufuria niliyosugua ilikuwa uso wa yule mtoto.

Watu wameniuliza mara nyingi Kiswahili changu nilikitoa wapi, mtu wa bara kama mimi, mtoto wa kambini. Huwa nawajibu kwamba nilikisoma misheni. Hiyo ni kweli ya baadaye. Ukweli wa kwanza ni kwamba nilikitoa jikoni, nikimenya viazi vya watu, kwa wivu. Nilianza kuja mapema kila siku. Nilimwambia mpishi nitamsaidia kazi, na yeye anipe maneno. Nilimenya viazi, nikatoa minji kwenye maganda yake, nikachambua mchele, na dirisha lilikuwa wazi. Mama alipoimba, mpishi alinigeuzia. Baada ya muda alinigeuzia nusu tu. Baadaye akaacha, kwa sababu nilianza kucheka kabla hajafungua mdomo.

Na kadiri nilivyoelewa ndivyo nilivyoumia zaidi. Nilipokuwa sielewi, niliona miguu tu. Sasa niliona jinsi Mama alivyokuwa mwerevu. Alitunga kijiimbo kilichokwenda mbele kisha kikarudi kinyumenyume mpaka mwanzo wake. Alitunga kingine kilichojiombea msamaha kwa kuwa kirefu, kikaomba msamaha kwa muda mrefu sana. Siku moja alitunga kilichokataa kuanza. Kila mstari ulisema, "bado sijaanza," na mtoto akapiga kelele, "Lakini Yaya, inaimba tayari! Imeanguka!" Mama akasema, "Haya, umenishika," akambusu kwenye paji la uso.

Akambusu! Niliponda ganda la minji mkononi mpaka likatoa maji.

Na yule mtoto naye alikuwa hodari. Hilo lilinitesa kuliko yote. Kiswahili chake kilikuwa cha kuvunjika, kile cha jikoni wanachosema wazungu, lakini akiingia kwenye kijiimbo alijua mahali pa kuvuta pumzi. Kama angekuwa mjinga ningemhurumia. Sikupata hata hiyo nafasi.

Nikaanza kutunga vya kwangu. Nilivitunga nikienda mtoni, nikiokota kuni, nikimbembeleza ndugu yangu. Nilijiambia kwamba siku moja Mama atanisikia ashangae, amwache yule, anigeukie mimi. Ndiyo sababu, mchana mmoja, nilipomwona binti peke yake bustanini na Mama ameingia ndani kumletea maziwa, nilisimama nyuma ya ua nikaimba kwa sauti yote niliyokuwa nayo:

Mimi ni wimbo ambao haukuitwa,
mstari wa pili umekuja hivyo hivyo,
sasa naimbwa nje ya kayaba...

"Imeanguka!" Aliruka kutoka kwenye nyasi. "Imeanguka! Nani huko? Umetaja kayaba!"

"Nimeitaja," nikasema, "na si hii hapa imekuja?"

Alikuja hadi kwenye ua. Tulitazamana kupitia tundu lile. Akaitazama miiba kana kwamba ndiyo kwanza inaota. Nadhani kwa muda mfupi sana alitaka kucheka. Halafu uso wake ukabadilika.

"Nani nafundisha wewe?"

"Hakuna."

"Hii ni yangu. Yaya natengeneza kwa mimi."

"Yaya ni mama yangu."

"Hapana. Yaya ni yaya yangu."

Alisema bila ubaya, kama mtu anayesema jina la siku. Nikamwambia kwamba yaya anaye mtoto wake, mtoto huyo ni mimi, na huyu wa mgongoni ni wa pili, na yeye si wa tatu. Midomo yake ikaanza kutetemeka. Mama akatokea na kikombe cha maziwa.

"Yaya! Huyu naiba kijiimbo!"

Mama alinitazama. Alimtazama yule. Nikangoja. Nilikuwa na hakika. Ni mama gani atasimama kati ya mtoto wake na mtoto wa watu asijue upande?

"Wewe," akaniambia. "Enda nyumbani. Hapa si mahali pako."

Aliyasema kwa Kiswahili. Hakuwa amewahi kusema nami Kiswahili maishani. Aliyasema hivyo ili binti asikie na kuelewa, nami niliyaelewa yote, hata moja halikunipita, maana nilikuwa nimejitahidi sana kujifunza.

Nililia njia nzima. Mpishi alikuwa amesikia, akanikimbilia na skonzi ya moto. Niliikataa. Jioni Mama aliniongezea mboga kwenye sahani yangu, mimi nikampa ndugu yangu.

Binti alipopata nafuu ya kifua, wakampeleka shule ya bweni. Nilisimama kando ya barabara gari likipita, nikaliona vumbi lake mpaka likatua. Nilifurahi jinsi mtu anavyofurahi mvua ikikatika. Nikasema, sasa ni zamu yangu.

Lakini Mama aliyerudi nyumbani jioni hiyo alikuwa kimya kuliko zamani. Memsabu alikuwa amempa kazi ya kufua na kupiga pasi. Harufu ya makaa na sabuni ilimfuata mpaka kitandani. Jumapili moja alipokuwa akichagua mawe kwenye maharagwe, nilijikaza, nikaanza kijiimbo nilichokitunga kwa ajili yake. Sikufika mstari wa pili.

"Nyamaza," akasema. "Leo usiimbe hicho."

"Nimeanguka wapi?"

"Hujaanguka. Nyamaza tu."

Nikajua anamkosa yule binti. Mtu aliyepo unaweza kushindana naye, ukakimbia kumzidi, ukaimba kumzidi. Asiyepo utamzidi kwa nini? Hana makosa, hachafuki, hakohoi. Nilikuwa nimemwonea wivu yule mtoto alipokuwa mapajani mwa Mama, sasa nikamwonea wivu hata pale alipokuwa hayupo, na huu wa pili ulikuwa mbaya zaidi.

Alirudi likizo. Wakati huo mimi nilikuwa tayari nasaidia jikoni na napewa posho yangu. Alikuwa amerefuka, amekatwa nywele, na alikuja na rafiki, msichana mwingine wa kizungu kutoka shuleni. Mama alikuwa anaanika mashuka nyuma ya nyumba walipopita. Niliona uso wake ukifunguka. Alishika shuka kwa mikono miwili kama pazia, akachungulia juu yake, akaanza:

Nimeanza, tayari nimeanza...

Akasimama kwenye mwisho wa mstari, kama walivyokuwa wakifanya, kumngoja mwenzake aingie na wa pili.

Yule rafiki aliuliza kitu kwa Kiingereza. Binti akajibu upesi, uso mwekundu, wote wawili wakacheka, wakaenda zao upande wa farasi. Hakugeuka.

Nilikuwa kwenye ngazi na beseni la minji. Nilikuwa nimeingoja siku hiyo kwa miaka. Furaha ilikuja kweli. Kisha nikamwona Mama amebaki na lile shuka, mikono juu, na maji yanamtiririkia kwenye mikono hadi kwapani. Hakulishusha. Nikaenda nikashika upande mmoja, tukalianika pamoja.

Wiki hiyo hiyo tulikuwa tukipalilia mahindi kwenye kile kipande tulichopewa na shamba. Ndugu yangu alikuwa akifukuza panzi mbele yetu. Nikamuuliza Mama, bila kusimamisha jembe, kwa sababu uso kwa uso nisingethubutu.

"Kwa nini ulimpa yeye ile nchi, sisi ukatunyima?"

Alipalilia mstari mzima kabla ya kujibu.

"Siku ya kwanza nilipopewa yule mtoto, alilia sana. Memsabu akasema, Yaya, imba nyimbo ya kwenu. Nikafungua mdomo. Nikakumbuka nyimbo za mama yangu. Nikasema moyoni, hizi hapana. Mikono yangu wanayo, mgongo wangu wanao, na maziwa ya mtoto wangu yananimwagikia kifuani nikiwa kwao. Nyimbo za mama yangu hawazipati. Sasa niimbe nini? Nikaimba kwamba naimba. Nikasema, nimeanza. Nikasema, huu ni wa pili. Mtoto akanyamaza. Ile nchi niliitunga baadaye, aliponiuliza kwa nini nyimbo zangu hazina hata ng'ombe."

Nilisimamisha jembe.

"Basi ulikuwa unatuwekea sisi."

"Nilikuwa nawawekea nyinyi."

"Na mbona hukutuimbia? Hata siku moja?"

Alijifuta jasho kwa ncha ya leso.

"Jioni nilikuwa nimeisha," akasema.

Nilitaka kukasirika, na nilikasirika kidogo. Lakini alikuwa amelisema wazi sana. Akaniambia nikae. Tukakaa kwenye udongo, na kwa mara ya kwanza akanyoosha miguu mbele yangu. Akasema ataniimbia wimbo wa kupanda wimbi, ambao nyanya yake aliimba, na mama yake baada ya nyanya. Akaanza. Ulikuwa mzuri, na ulikuwa na kila kitu ndani: ndege, mvua, mkwe mvivu, jembe lililovunjika. Alipofika katikati akasimama. Akarudi nyuma kidogo, akaujaribu tena kama mtu anayetafuta jiwe la kukanyaga majini. Akajaribu mara nyingi.

"Umepotea," akasema. "Ulikuwa unakwenda hivi, halafu... Umepotea."

Alikuwa ameuweka vizuri mno, hata yeye mwenyewe hakuupata tena. Aliangalia mikono yake. Nikasema jambo la kwanza lililonijia.

"Basi nipe vile vya kule."

Hivyo ndivyo nilivyopewa kijiimbo. Tulikiimba shambani, tukakiimba mtoni, na baadaye hata mbele ya moto, Baba akitikisa kichwa na kusema wake zake wamepata wazimu, maana alituhesabu wote wawili kuwa wake zake alipotaka kututania. Mama alinishika nikianguka, nami nilimshika mara chache, na kila mara moyo wangu uliruka. Lakini sitasema kwamba wivu uliondoka. Mama alikuwa akisimama mahali fulani katika mstari, pasipo sababu, nami nilijua hapo ndipo yule mwingine alipokuwa akivuta pumzi kwa sababu ya kifua chake. Wimbo ulikuwa umekatwa kwa kipimo cha mapafu ya mtu mwingine. Mimi nilikuwa na mapafu mazima, na ilinibidi nijifunze kukosa pumzi mahali alipokosa yeye.

Nilikwenda misheni, nikasoma, nikawa mwalimu. Nilifundisha Kiswahili watoto wa wakulima, upande wa Kesses, na likizo nilirudi kwa wazazi. Mama alikuwa ameacha kazi ya nyumba kubwa kwa sababu ya mgongo. Alasiri moja tulikuwa nje tukipepeta mahindi, tukaona gari linashuka njia ya kambi, njia ambayo magari hayakuwa na kawaida ya kuishuka. Akatoka mwanamke kijana, mrefu, amevaa glavu nyeupe. Alikuwa anakwenda kuolewa Ulaya.

"Yaya," akasema.

"Memsabu Kidogo," Mama akasema, akainuka kwa shida.

Walishikana mikono. Alinisalimu na mimi, "Hujambo, Mwalimu," kwa heshima, maana alikuwa ameambiwa. Kiswahili chake kilikuwa kimeharibika zaidi. Alizungusha glavu vidoleni, akatazama chini, kisha akamwomba Mama amwimbie. Kile kijiimbo cha kwanza. Alisema amekitafuta kichwani mwake njia yote ya kuja, amepata mwanzo tu.

Nilimtazama Mama. Nikamwambia kwa macho: sema umesahau. Mwambie. Yeye alicheka na rafiki yake akaenda zake upande wa farasi.

Mama aliimba. Alisimama wima kadiri mgongo ulivyomruhusu, akaimba chote, na kwenye wa tatu akaenda polepole, po-le-po-le. Yule mwanamke akaingia mwenyewe kwenye wa nne, kwa sauti ndogo, na akavuta pumzi pale pale. Alikuwa analia. Mama hakulia. Alimpangusa shavu kwa kidole gumba, kama unavyompangusa mtoto uji, halafu akamwambia aende kabla ya mvua, njia ile ina matope.

Gari lilipopanda na kupotea, nikashindwa kujizuia. Nilikuwa mtu mzima, nina mshahara wangu, watoto darasani waliniogopa.

"Mama, mbona umempa?"

"Ulikuwa wake," akasema. Akakaa, akavuta ungo mapajani.

"Baada ya yale aliyokufanyia?"

"Ulikuwa wake," akarudia, kama unavyomwambia mtu kwamba maharagwe bado hayajaiva.

Nilichukua debe nikashuka nalo mtoni, nikitembea kwa nguvu, vumbi linaruka. Nyuma yangu nilimsikia anacheka, kicheko kile kile cha kujifuta macho, na sasa kilikuwa juu yangu.

"We Mwalimu!" akaita. "Maji yamo! Mapipa yote yamejaa! Unaenda kuchota nini?"

Sikugeuka. Nilichota debe zima, nikapanda nalo kilima, nikamwagia vitunguu.